Shangazi Jikoni: Darasa la mapishi Vietnam, tukasomee hotelini au nyumbani kwa watu?

Sanduku la barua mwezi huu limejaa Vietnam na mimi nimefurahi, kwasababu ni nchi ambayo asubuhi moja tu jikoni inatosha kukupa kitu utakachokipika miaka yote. Barua zingine nimezifupisha, na zile zilizouliza kitu kimoja nimezijibu pamoja.

Shangazi shikamoo. Mimi na mume wangu tunaenda Vietnam mwezi wa tatu, siku moja tunataka tujifunze kupika. Nimesachi onlaini, madarasa ni mengi mno na picha zote zinafanana, watu wamevaa aproni wameshika spring roli wanacheka. Hoteli yetu nayo ina lake. Halafu kuna mama mmoja anafundisha nyumbani kwake, anachukua watu wanne tu. Twende wapi? Mimi hasa nataka kujua pho. — Mke wa msafiri

Marahaba mwanangu. Nendeni kwa huyo mama.

Nikueleze kwanini, na naanza na hiyo pho yenyewe. Pho, ile supu yao ya tambi za mchele, ni tamu, sibishani, ila familia nyingi za Kivietnam hazipiki pho nyumbani siku za kawaida, supu yake inachemshwa masaa na masaa na mifupa ya ng'ombe, tangawizi na vitunguu vilivyobabuliwa kwenye moto, mdalasini, karafuu, na kile kiungo chenye umbo la nyota. Mtu anaamka asubuhi anaenda kwa muuza pho wa mtaani kwao ambaye hapiki kingine, anakunywa bakuli lake anaenda kazini. Sasa darasa la masaa matatu litakufundishaje kitu cha masaa nane? Wanachofanya ni kwamba supu inakuwa imeshachemshwa tangu jana, wewe unapanga tambi kwenye bakuli, unaweka nyama, unamwagia supu, unapigwa picha. Umekula vizuri lakini kupika hujajifunza.

Kinachopikwa majumbani ni wali, kila siku wali, na vinavyouzunguka. Sinia moja linawekwa katikati, juu yake kuna kitu chenye chumvi cha kushushia wali, mara nyingi samaki au nyama iliyopikwa kwa mtindo wa kho, yaani inaiva taratibu kwenye chungu na sukari iliyounguzwa na mchuzi wa samaki mpaka rojo linang'aa na kugandia. Kuna mboga za majani, zimechemshwa au zimekaangwa na kitunguu saumu. Kuna supu nyepesi inaitwa canh. Na katikati kabisa kuna kibakuli cha mchuzi wa kuchovya ambacho wote mnachovya humo humo. Basi. Kuna mboga moja inaitwa rau muong, inaota majini, bua lake lina tundu kama mrija, watu wa kaskazini wakishaichemsha yale maji hawamwagi, wanayakamulia ndimu au tunda fulani chachu na hayo hayo ndio supu ya mlo huo. Mimi hapo ndipo nilipolipenda jiko la Wavietnam, na kwenye picha za madarasa hutakaa uione hiyo maana haina mvuto wa kupigwa picha.

Kwahiyo ukimwandikia huyo mama muulize mambo yafuatayo, na umuulize kabla hujalipa. Je, kila mtu anapika kwenye jiko lake au mnasimama mnamtazama yeye? Je, soko mnaloenda ndilo analonunulia yeye mwenyewe? (Soko nenda asubuhi sana, saa moja saa mbili hivi, ikifika saa nne samaki wazuri wameshaondoka.) Je, anaweza kuwapikia mlo wa nyumbani badala ya ile menyu ya watalii? Hapa mtajie kwa jina, mwambie ca kho to, huyo ni samaki wa kwenye chungu, na canh chua, supu ya ukwaju yenye nanasi na nyanya na samaki. Atafurahi sana, kwasababu wageni wengi wanaomba spring roli tu. Na la mwisho muulize kama mtakaa kula pamoja na watu wa nyumbani. Akijibu ndiyo kwa yote hayo, hata kama nyumba yake ni ndogo na haina kiyoyozi, hilo ndilo darasa lako.

La hotelini sio baya, jiko safi, mwalimu anajua Kiingereza, unarudi chumbani kwako dakika mbili. Kama mmechoka au mmoja wenu anaumwa chukueni hilo. Lakini mkiwa na nguvu zenu msifanye hivyo.

Anti, bei ya kawaida ni kiasi gani? Na nilipeje? — Mpiga mahesabu

Madarasa mengi ya nusu siku yanaangukia kati ya dola 25 na 50 za Marekani kwa mtu, na ndani yake mara nyingi kuna kwenda sokoni na chakula chenyewe. Nyumbani kwa watu wengi wanapenda keshi, tena dong, pesa ya huko, sio dola. Dola moja ni kama dong 26,000 hivyo usishtuke ukiambiwa laki saba, fanya hesabu kwanza ndo ushtuke. Kitu kimoja nakuomba uwe nacho makini, noti ya 20,000 na noti ya 500,000 zote zina rangi ya bluu na zote ni za plastiki, kwenye mwanga hafifu wa sokoni mtu anatoa laki tano akidhani ametoa elfu ishirini. Zitenganishe kabla hujatoka, moja mfuko huu nyingine mfuko ule.

Assalam alaykum Shangazi. Sisi ni Waislamu, mimi, mama yangu na wadogo zangu wawili. Kila darasa naloona lina nguruwe ndani. Inawezekana kweli au niachane na hii habari? — Binti mkubwa

Waalaykum salaam mwanangu. Inawezekana, usiachane nayo, ila inabidi uongee mapema na uongee waziwazi.

Ni kweli nguruwe anapikwa sana huko, na sio nyama tu, mafuta yake pia watu wanakaangia na kuongezea kwenye tambi, mifupa yake inaingia kwenye supu ambayo ukiitazama juu unaona kamba na majani tu. Kwahiyo kusema "sili nguruwe" hakutoshi, maana mwenyeji anaweza akatoa vipande vya nyama akaona kazi imeisha. Mwandikie hivi: hatuli nyama ya nguruwe, wala mafuta yake, wala supu ya mifupa yake, wala pombe ndani ya chakula, na tunaomba sufuria na kikaango ambacho hakijapika hivyo vitu. Wakiandika menyu kaskazini utaona neno lon, kusini utaona heo, yote mawili ni nguruwe, yashike kichwani.

Njia rahisi zaidi, na mimi ndiyo nayowashauri, ni kuomba darasa la chay. Hicho ni chakula kisicho na nyama wala samaki, na huko kina mizizi mirefu, Wabudha wengi wanakula chay tarehe mosi na tarehe kumi na tano za mwezi wa kalenda yao, kwahiyo mama wa nyumbani anajua kukipika kwa ufundi wote, tofu, uyoga, majani, nazi, na badala ya mchuzi wa samaki wanatumia mchuzi wa soya. Utajifunza mengi kuliko unavyodhani. Au ombeni samaki tupu, ile ca kho to niliyoitaja juu haina haja ya nguruwe hata chembe.

Na mama yako mwambie Uislamu upo Vietnam tangu zamani, jamii ya Wacham wapo, hasa upande wa An Giang karibu na mpaka wa Kambodia wako Wacham Waislamu. Ho Chi Minh City, ndiyo Saigon, msikiti wa mtaa wa Dong Du umejengwa mwaka 1935, na jirani zake kuna mahali pa kula halali. Hanoi nako kuna msikiti mtaa wa Hang Luoc. Nendeni mkaswali hapo, halafu waulizeni waumini mtu wa kuwafundisha kupika, hiyo njia naiamini kuliko riviu zozote.

Shangazi nilisoma darasa Hoi An mwaka jana, tulitengeneza ule mchuzi wa kuchovya, nuoc cham, ulikuwa mtamu mpaka nikaunywa. Nimerudi nyumbani kila nikijaribu unatoka chumvi tupu, au unanuka samaki, watoto wanakimbia. Nimenunua mpaka chupa tatu tofauti. Nakosea wapi? — Aliyekata tamaa

Usikate tamaa mdogo wangu, hii barua yako nimeipenda kuliko zote.

Tuanze na chupa. Mchuzi wa samaki wa kweli, nuoc mam, ni dagaa wa baharini na chumvi, basi, wanapangwa kwenye mapipa makubwa ya mbao, kama sehemu tatu za samaki kwa moja ya chumvi, wanaachwa karibu mwaka mzima mpaka wayeyuke wenyewe. Kisiwa cha Phu Quoc ndio jina kubwa kwenye hii kazi, na Phan Thiet nako wanatengeneza. Sasa geuza chupa yako usome. Kama ndani kuna maji mengi, rangi, sukari, vitu vya kuongeza ladha, hiyo ndo sababu ya kwanza. Tafuta iliyoandikwa namba na herufi N, 30N, 35N, 40N, hiyo inaonyesha naitrojeni, yaani uzito wa samaki aliyemo, ikipanda ladha inakuwa nzito na ya duara zaidi. Nuoc mam nzuri ina harufu kali ukifungua lakini ulimini inamalizikia kwenye utamu.

Cha pili ni vipimo, na hapa ndipo wengi wanapoharibu. Anza na sukari kijiko kimoja, maji ya uvuguvugu vijiko vinne mpaka vitano, koroga mpaka sukari iishe kabisa. Kamulia ndimu kijiko kimoja. Onja hapo hapo kabla ya mchuzi wa samaki, inatakiwa iwe juisi ya ndimu unayoweza kuinywa. Ikishakuwa hivyo ndo unaweka nuoc mam kijiko kimoja, na mkono wako usitetemeke ukaongeza. Kitunguu saumu na pilipili mwishoni kabisa, vikatwe vidogo sana kwa kisu, vitaelea juu, na ndivyo wenyewe wanavyopenda vielee maana kila ukichovya unabeba kidogo. Ukianza na mchuzi wa samaki ukaja kuongeza vingine kwa kubahatisha utakuwa unafukuzana na chumvi mpaka bakuli lijae.

Na usitafute ladha moja ya nchi nzima. Kusini wanapenda tamu zaidi, wengine badala ya maji wanaweka maji ya dafu. Kaskazini unakuwa mwepesi, na ule wa kula na bun cha, tambi na nyama ya nguruwe ya kuchoma, wanatia siki na vipande vya papai bichi na karoti. Ulichokunywa Hoi An kilikuwa cha katikati ya nchi, na cha jikoni kwa yule mwalimu wako pia, kwahiyo hata mwenzake wa nyumba ya pili angeutoa tofauti kidogo.

Halafu kwa kuwa umefika huku, jifunze na kitu kinaitwa nuoc mau, maana ndicho kinachobeba ile rangi ya kho. Sukari kwenye sufuria, moto mdogo, usiondoke. Itayeyuka, itakuwa ya dhahabu, wewe tulia, itakuwa ya kahawia yenye wekundu, tulia tena kidogo, ikianza tu kutoa moshi mwembamba na harufu inakaribia uchungu, mwagia maji, na usogee nyuma kwasababu inaruka vibaya sana. Wengi wanaogopa wanatoa mapema, matokeo yake samaki anakuwa na rangi ya mgonjwa na utamu wa pipi. Ule uchungu kidogo ndo unaoshikana na chumvi ya nuoc mam. Weka hapo vitunguu vidogo vyekundu, nuoc mam, samaki wako, pilipili manga nyingi, funika, moto mdogo kabisa, mpaka mchuzi ukauke uwe mzito. Kula samaki huyo na wali mweupe. Watoto hawatakimbia.

Mimi ni kijana wa kiume naenda peke yangu, kupika sijui hata yai, Kiingereza changu cha kuokoteza. Nitaenda kuwa kero kwa watu? — Bachela

Nenda baba. Jikoni watu wanafundishana kwa mikono, atashika kisu chake utashika chako, mtaelewana. Madarasa ya nyumbani yamezoea watu wasiojua kitu. Pakua programu ya kutafsiri kwenye simu, jifunze kusema cam on ambayo ni asante, na mwambie mwalimu mapema kwamba unaanza sifuri ili asikupe kazi ya kukunja karatasi za mchele, zile nyembamba za kufungia spring roli, kwanza, hiyo inataka mazoezi, akupe kutwanga na kukata majani.

Shangazi kama ni mji mmoja tu wa kusomea kupika, upi? Hanoi, Hue, Hoi An au Saigon? — Mwenye likizo fupi

Watu wengi watakwambia Hoi An na sababu wanazo. Mji wa kale uko kwenye orodha ya UNESCO tangu 1999, madarasa ni mengi, na kilomita chache tu nje ya mji kuna kijiji cha Tra Que ambako wanalima majani ya kunukia, unaenda kwa baiskeli, unachuma mwenyewe mnanaa, rehani, giligilani na mengine ambayo hujawahi kuyaona, halafu unapika hapo hapo. Kwa mtu ambaye hajawahi kupika chakula cha Kivietnam hiyo ni shule nzuri, kwasababu majani kule sio mapambo, yanaliwa kwa sinia. Ila mwezi wa kumi na wa kumi na moja mafuriko yanaingia mpaka mitaani, usipange wakati huo.

Mimi lakini ningekupeleka Hue. Ilikuwa makao ya wafalme wa Nguyen kuanzia 1802 mpaka 1945, na upishi wa pale umebaki na ile tabia ya vitu vidogo vidogo vya kutengenezwa kwa uvumilivu, kama banh beo, vikeki vya unga wa mchele vya mvuke kwenye visahani, juu kuna kamba waliosagwa. Pia ndo mji wa pilipili, bun bo Hue, supu yao ya tambi na nyama ya ng'ombe, ina mchaichai na ladha ya kamba waliochachushwa, ukishaionja pho itaonekana ya upole. Na watalii wanaosomea kupika pale ni wachache, mwalimu anakuwa na muda na wewe.

Hanoi uende kama unapenda vyakula vya moto wa mkaa, bun cha hasa. Saigon uende kama unapenda tui la nazi na sukari, banh xeo ile ya unga wa mchele na manjano, inayokunjwa kwenye majani na kuchovywa. Wakati wa Tet, mwaka mpya wao, kati ya mwisho wa Januari na Februari, familia ziko kwenye mambo yao na masoko mengi yanafungwa siku kadhaa, kwahiyo angalia kalenda kabla ya kukata tiketi.

Kuhusu viza, wengi mmeuliza, tangu Agosti 2023 viza ya mtandaoni iko wazi kwa nchi zote na inaweza kutolewa mpaka siku 90. Tumia tovuti ya serikali yenyewe, sio ya wakala.

Tutakuwa wageni nyumbani kwa watu, kuna adabu gani tusiharibu? — Mama na binti yake

Viatu mlangoni. Mzee wa nyumba anaanza, na kaskazini hasa, wadogo wanawakaribisha wakubwa kula kabla ya kugusa chochote, nyie subirini muone. Vijiti msivichomeke vikasimama kwenye wali, hiyo ni picha ya ubani wa wafu, inawaumiza watu. Bakuli la wali linanyanyuliwa mkononi, haliachwi mezani ukaliinamia. Mwenyeji akikuwekea kipande kizuri kwenye bakuli lako ni upendo, ukile, na wewe unaweza kumchagulia yeye au mama yake kipande.

Jikoni kwa familia nyingi mtaona kimadhabahu kidogo, hicho ni cha miungu ya jiko, wanaamini tarehe 23 ya mwezi wa mwisho wa kalenda yao inapanda mbinguni ikiwa imepanda samaki kutoa ripoti ya nyumba. Msiweke mkoba wala simu hapo, na mkitaka kupiga picha ombeni kwanza. Kama mmoja wenu ana mzio wa karanga semeni kabla ya sokoni, kaskazini karanga ni lac, kusini dau phong, na zinanyunyizwa mwishoni juu ya vyakula vingi bila mtu kufikiria.

Zawadi? Matunda kutoka soko lile lile yanatosha na yanapokelewa vizuri.

Nibebe nini kurudi nacho? — Mwenye begi dogo

Karatasi za mchele, nyepesi na zinakaa miezi, zifunge katikati ya nguo zisivunjike. Pilipili manga ya Phu Quoc. Ile chujio ndogo ya kahawa ya bati inaitwa phin, bei yake haikuumizi. Kisu cha kuchonga karoti na papai zile nyuzi ndefu, kiweke kwenye begi la chini. Nuoc mam ni ngumu, mkononi hupiti nayo kama inazidi mililita 100, na mashirika mengine ya ndege hata begi la chini wanakataa kwasababu chupa ikipasuka harufu haitoki kwenye ndege. Uliza shirika lako kwa maandishi kabla hujanunua, wakikubali funga chupa na plastiki mara mbili tatu kisha weka ndani ya kopo gumu. Wakikataa, piga picha lebo yake pamoja na ile namba ya N ili ujue cha kutafuta ukifika.